Gratallops: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu kijiji kidogo cha Katalonia kinachouza mvinyo wa bei ya kutisha

Gratallops ni wapi?

Kusini mwa Katalonia, Hispania, mkoa wa Tarragona, kwenye wilaya yao inayoitwa Priorat. Ukitoka Barcelona kwa gari ni masaa mawili na kitu hivi, unapita Reus, unapanda milima, unafika Falset ambao ndo mji mkuu wa wilaya (usitegemee mji mkubwa, nao ni kamji tu), halafu kutoka hapo ni kilomita kama kumi za kona kona mpaka unakiona kijiji kimekaa juu ya mgongo wa kilima, chini yake bonde la mto Siurana. Wakazi ni kama 250. Kijiji chote unakizunguka kwa mguu na muda unabaki.

Watu 250 tu, sasa mbona watu wa mvinyo duniani kote wanakijua?

Kwasababu ndani ya hako kakijiji kuna viwanda vya mvinyo zaidi ya 20, na mashamba yake ndo yanatoa baadhi ya chupa ghali kuliko zote Hispania. L'Ermita ya Álvaro Palacios kwa mfano, inatoka kwenye shamba la mteremko pale pale Gratallops, na chupa moja inazidi yuro 1,000. Ndiyo, moja. Na hiki ndicho kijiji ambacho miaka ya 1970 watu wakikitaja walikuwa wanakitaja kama mahali unapoondoka.

Nani alianzisha kilimo cha zabibu huko?

Wanaopewa sifa ni watawa Wakartusi. Mwaka 1194, kwa msaada wa mfalme Alfons wa Aragon, walianzisha monasteri ya Escaladei chini ya milima ya Montsant, ikawa ya kwanza ya shirika lao kwenye rasi yote ya Iberia. Kuna hadithi kwamba mchungaji mmoja aliona malaika wanapanda ngazi kwenda mbinguni juu ya mti wa msonobari na ndo maana ikaitwa hivyo, ngazi ya Mungu. Amini usiamini. Kilicho wazi ni kwamba hawa watawa walitoka Ufaransa, walikuja na ujuzi wa kilimo na uvumilivu wa watu ambao hawana haraka ya kwenda popote, na kwa karne nyingi wao ndo walikuwa serikali ya eneo hilo. Mkuu wa monasteri, yule priori, ndo alikuwa bwana wa vijiji vya jirani, Gratallops ikiwemo pamoja na Torroja, Porrera, Poboleda, La Morera na La Vilella Alta. Jina Priorat limetoka hapo hapo.

Kwahiyo wanakijiji walikuwa watumwa wa watawa?

Hapana, watumwa hapana, ila usifikiri walikuwa huru kama wewe. Walilima, wakatoa fungu la kumi na ada nyingine, na mambo ya haki na sheria yalipita kwa priori. Watu wakisimulia historia ya mvinyo huwa wanapenda kuweka watawa kama wazee wapole wenye mashamba mazuri, sawa, ila mtu anayekukusanyia sehemu ya mavuno kila mwaka kwa miaka mia sita humpendi sana. Ushahidi ni kilichotokea 1835. Serikali ya Hispania ilikuwa inanyang'anya mali za mashirika ya kidini, watawa wakaondoka, na watu wa huku huku wakaivamia monasteri, wakaipora, wakaichoma. Magofu bado yapo na yanatembelewa, sehemu zingine zimekarabatiwa. Ardhi ikauzwa na mizabibu ikabaki kwa watu binafsi.

Baada ya watawa kuondoka hali ikawaje?

Ikawa nzuri sana, kwa muda. Na sababu yenyewe ni ya kikatili kidogo: kuna mdudu mdogo anaitwa filoksera, alitoka Amerika, anakula mizizi ya mzabibu mpaka unakufa. Alianza kuimaliza Ufaransa miaka ya 1860. Wafaransa wakawa hawana mvinyo, wakaanza kununua kwa majirani, na majirani wa karibu wenye mvinyo mzito mwekundu wenye nguvu ni hawa Wakatalani. Bei ikapanda, kila mtu akapanda zabibu, mpaka kwenye miteremko ambayo mbuzi mwenyewe anafikiria mara mbili. Nyumba nyingi kubwa kubwa unazoziona kwenye vijiji vya Priorat zinatokana na hela za karne ile.

Shida ni kwamba mdudu naye alikuwa njiani. Aliingia Katalonia kaskazini 1879, akawa anashuka taratibu, na ilipofika 1893 hivi alikuwa ameshaingia Priorat. Miaka michache tu mashamba yakawa kuni.

Hawakuwa na dawa?

Dawa ilikuwepo na ilishajulikana: unachukua shina la mzabibu wa Kimarekani ambao mizizi yake inamvumilia yule mdudu, unabebesha juu yake aina yako ya zamani. Mpaka leo karibu mizabibu yote ya Ulaya iko hivyo. Ila dawa hiyo maana yake ni kung'oa kila kitu, kununua miche, kupanda upya, halafu kusubiri miaka mitatu minne bila mavuno, na hapo unaongelea mteremko wa mawe ambao kila shimo unalichimba kwa nguvu zako. Tambarare walipanda upya haraka. Huku milimani wengi walipiga hesabu wakaona hailipi, na hesabu yao ilikuwa sahihi.

Halafu kuna kitu kingine ambacho huwa kinasahaulika, mikataba. Sehemu nyingi za Katalonia mkulima asiye na ardhi alikuwa anapewa shamba kwa mkataba unaitwa rabassa morta: unapanda mizabibu kwenye ardhi ya mwenye mali, unagawana naye mavuno, na haki yako inadumu mpaka theluthi mbili ya mizabibu uliyopanda ife. Kwa mizabibu ya zamani hiyo ilikuwa kama maisha yako yote. Sasa filoksera imeua yote kwa mpigo, wenye ardhi wakasema mkataba umeisha, asante, kwaheri. Ugomvi uliotokana na hapo ulikuwa wa kisiasa kweli kweli, ulifika mpaka 1934 bunge la Katalonia lilipopitisha sheria ya kuwalinda wakulima hao na mahakama ya katiba ya Madrid ikaifuta mwaka huo huo. Miaka miwili mbele vita vya wenyewe kwa wenyewe vikaanza, na 1938 mapigano ya mto Ebro yalikuwa pua na mdomo na Priorat.

Watu walienda wapi?

Reus, Tarragona, Barcelona kwenye viwanda vya nguo na baadaye viwanda vingine. Wengine walibaki jirani, pale Bellmunt kulikuwa na machimbo ya madini ya risasi yaliyofanya kazi mpaka 1972, siku hizi ni makumbusho unashuka chini unaangalia mahandaki.

Na utamaduni wa urithi nao ulisukuma. Kwa Wakatalani wa zamani mali ya familia haikugawanywa, karibu yote inaenda kwa mtoto mmoja, kwa kawaida wa kiume wa kwanza, wanamwita hereu. Wadogo zake wanapewa kidogo wakatafute maisha. Mfumo huo unaokoa shamba lisikatwekatwe vipande (kwetu tunajua uchungu wa kugawana heka moja watoto saba) lakini maana yake kila kizazi kina kundi la vijana ambao hawana sababu ya kubaki. Shamba likiwa linalipa wanaweza kuwa vibarua au wakaoa kwenye nyumba yenye shamba. Lisipolipa wanapanda treni.

Ushirika ulisaidia?

Ulisaidia kuishi, haukusaidia kutajirika. Mwanzoni mwa karne ya 20 vijiji vya Katalonia vilianzisha vyama vya ushirika kwa wingi, mkulima anapeleka zabibu, ushirika unakamua, unatengeneza, unauza. Nenda Falset uone jengo la ushirika wao la 1919, kazi ya msanifu Cèsar Martinell, limekaa kama kanisa. Gratallops nao walikuwa na wao.

Tatizo lilikuwa namna ya kuuza. Mvinyo ulikuwa unaondoka kwa jumla, kwenye matangi, unaenda kuchanganywa na mvinyo mwepesi wa sehemu nyingine ili kuupa rangi na ukali. Jina la kijiji halionekani popote. Na mkulima analipwa kwa kilo na kiasi cha sukari kwenye zabibu. Sasa fikiria wewe mwenye mteremko, unavuna kidogo kuliko mtu yeyote, halafu unalipwa kwa kilo. Kisheria eneo lilikuwa na alama yake ya asili ya mvinyo tangu 1954 lakini karatasi hiyo haikubadilisha bei.

Hii stori ya 1989 ninayoisikia kila mahali ni ipi?

Ni stori ya kweli ila imepambwa. René Barbier, wa familia ya Kifaransa iliyokuwa na biashara ya mvinyo Tarragona, alinunua ardhi Gratallops mwaka 1979. Akavuta marafiki. Ukifika 1989 kuna majina matano yanayokumbukwa: yeye mwenyewe na mvinyo wake Clos Mogador, Álvaro Palacios kijana kutoka Rioja (eneo maarufu la mvinyo kaskazini mwa Hispania), Daphne Glorian kutoka Uswisi na Clos Erasmus, Carles Pastrana na Clos de l'Obac, na Josep Lluís Pérez mwalimu wa Falset na Clos Martinet. Hawakuwa na hela za kila mtu kujenga kiwanda chake, kwahiyo msimu huo wa kwanza walikamua pamoja Gratallops, mvinyo mmoja, wakauweka kwenye chupa zenye lebo tano tofauti. Miaka michache baadaye kila mtu akaenda kivyake.

Walichobadilisha ni nini? Walichukua zabibu za mizabibu mizee ya garnatxa na carinyena, wengine wakaongeza aina za Kifaransa kama cabernet na syrah, wakaweka kwenye mapipa mapya ya mwaloni wa Ufaransa, wakaweka jina la shamba kwenye lebo na wakataka bei ya juu tangu siku ya kwanza. Waandishi wa mvinyo wa Marekani wakapagawa. Clos Erasmus ya 2004 ikapewa pointi 100 kwa 100 na jarida la Robert Parker, mkosoaji wa mvinyo wa huko Marekani.

Nilisema imepambwa kwasababu ukisikiliza wengine utadhani kabla ya hao watano watu wa Priorat walikuwa hawajui mvinyo. Kiwanda cha Scala Dei kilikuwa kinaweka mvinyo mzuri kwenye chupa tangu 1974. Na ile mizabibu mizee waliyoikuta wageni haikujilinda yenyewe, kuna wazee walioendelea kuipogoa miaka yote ambayo bei ilikuwa matusi. Hao hawana lebo.

René Barbier ninayeiona supermarket kwa yuro tatu ndo yeye?

Hapana. Jina la biashara la familia lilishaondoka mikononi mwao, siku hizi ni la kampuni ya Freixenet. Usinunue ukifikiri umepata Clos Mogador ya punguzo.

Kwanini ghali hivyo lakini? Si zabibu tu?

Sawa, tupige hesabu. Chupa moja inataka kama kilo moja ya zabibu, au zaidi kidogo. Mzabibu mzee kwenye mteremko wa Gratallops unaweza kukupa kilo moja, mara nyingi chini ya hapo. Kwahiyo mti mzima, mwaka mzima, kupogoa, kupalilia, kupiga salfa, kuvuna, ni chupa moja au isifike. Tambarare penye maji mti unatoa mara kadhaa ya hapo na mashine inapita kuvuna. Huku miteremko mingine inazidi asilimia 30, trekta la kawaida litabiringika, kwahiyo ni mikono, nyumbu (namaanisha yule chotara wa punda na farasi, sio wa Serengeti) na vitrekta vidogo vya minyororo kwenye matuta.

Udongo wenyewe wanauita llicorella, yaani sio udongo ni mawe meusi ya bapa bapa yanayovunjika kama vigae, yanang'aa juani, hayashiki maji juu, rutuba karibu hakuna. Mzizi unapenya kwenye nyufa kwenda chini mita nyingi kutafuta unyevu. Matokeo yake ni vichala vichache, punje ndogo, ngozi nene, ladha imekolea. Ardhi ile ile iliyowafukuza wajukuu wa kijiji ndo inayoandikwa kwa maneno matamu nyuma ya chupa. Jiwe halijabadilika hata kidogo, kilichobadilika ni kwamba mtu amepata njia ya kulipwa kwa uhaba badala ya kulipwa kwa kilo.

Halafu tuwe wakweli, yuro 1,000 sio gharama ya kazi. Kuanzia bei fulani kwenda juu unalipia jina na ushindani wa matajiri. Chupa nzuri za Priorat zipo za yuro 15 mpaka 30 na zinatoka kwenye mawe hayo hayo.

DOQ ni nini?

Ni daraja la juu kabisa la maeneo ya mvinyo Hispania. Yapo mawili tu, Rioja na Priorat. Serikali ya Katalonia iliipa Priorat daraja hilo mwaka 2000, Madrid ikalitambua 2009. Eneo lote lina hekta kama 2,000 na viwanda zaidi ya 100, kwahiyo ni dogo sana. Tangu 2009 pia kuna mvinyo wa kijiji, yaani chupa inaruhusiwa kuandika Gratallops kama zabibu zote zimetoka Gratallops. Baadaye wakaongeza madaraja ya shamba moja moja, na L'Ermita ndo ikawa ya kwanza kwenye daraja la juu kabisa.

Hizo hela zinabaki kijijini au zinaondoka?

Swali zuri na jibu lake ni nusu nusu. Kuna ajira ambazo hazikuwepo, kuna vijana waliosomea mvinyo Falset na Tarragona wakarudi kufungua viwanda vidogo, ardhi iliyokuwa ya bure sasa ina bei, na aliyekuwa na mizabibu mizee ya babu anaweza kuuza zabibu zake kwa kilo kwa bei ambayo babu angedhani ni utani. Ushirika wa kijiji nao haukufa, uliungana na wa vijiji jirani.

Upande wa pili, sehemu kubwa ya majina makubwa ni ya watu waliokuja na mtaji, na vibarua wa msimu wa kuvuna wengi ni wahamiaji, Wamoroko, Waromania na wengine, ambao kupata nyumba ya kupanga huko ni shughuli maana nyumba zikiwa tupu zinakuwa za wikiendi za watu wa Barcelona au za watalii. Na ile ardhi iliyopanda bei, kijana wa kijijini asiyerithi ananunua kwa hela gani? Idadi ya watu haijarudi. Miaka zaidi ya 30 ya umaarufu na bado ni wale wale 250. Wanaotaka kuiga Priorat kwenye vijiji vyao waangalie namba hiyo kabla ya kuangalia bei ya chupa.

Maji je? Nasikia kuna ukame.

Kuna, na ndo hofu kubwa kuliko soko. Juni 2019 joto lilipita nyuzi 40 siku moja na zabibu zikaungua mtini, zikakauka kama zimepigwa moto. Halafu kuanzia 2021 mpaka 2024 Katalonia ikapata ukame mbaya, mavuno ya 2023 yakashuka vibaya na mizabibu mingine, hata ile mizee iliyozoea shida, ikafa.

Kinachowauma zaidi watu wa hapa ni kwamba maji ya mto wao hayabaki kwao. Juu kuna bwawa la Siurana, na maji yake yanahamishwa kwenda Riudecanyes upande wa pili wa mlima, kumwagilia mashamba ya wilaya jirani ya Baix Camp na kusaidia Reus. Chini ya bwawa mto unabaki mkavu sehemu kubwa ya mwaka. Watu wa Priorat wana kampeni ya muda mrefu kudai mto upate maji yake. Wa upande wa pili nao wanasema haki zetu za maji ni za zamani na bila maji hayo hazelnati zetu (miti ya aina fulani ya njugu) zinakufa. Mimi naona mto kukauka kabisa hakuna hoja inayotosha kuutetea, ila sio mimi ninayemwagilia hazelnati.

Mbali na mvinyo kuna uchumi mwingine?

Kidogo. Mafuta ya zeituni ya aina ya arbequina, yenye alama rasmi ya Siurana, mazuri sana. Lozi. Vyumba vya kulala wageni, mgahawa mmoja mmoja, watu wanaokuja kutembea milima ya Montsant au kukwea miamba Siurana. Lakini karibu vyote hivi vinaning'inia kwenye mvinyo, mgeni anakuja kwa ajili ya chupa ndo anakula na kulala.

Situmii pombe, kuna maana ya kwenda?

Ipo. Mandhari ya matuta, magofu ya Escaladei, kanisa dogo la Mama wa Faraja juu ya kijiji ambako unaona bonde lote, mafuta ya zeituni na mkate wenye nyanya, machimbo ya Bellmunt. Siku moja inatosha.

Nikienda nijiandae vipi?

Treni kutoka Barcelona inakushusha Marçà-Falset, ila kutoka hapo usafiri wa umma ni wa kubahatisha, kodi gari. Viwanda havifunguliwi kama duka, vingi ni vya familia au watu wachache, unaandika kwanza unapewa siku. Mei ni wakati mzuri, kuna maonyesho ya mvinyo Falset na Gratallops wenyewe wanafanya siku yao ya kuonja, Tast amb Llops, viwanda vya kijiji vyote vinakuwa mahali pamoja. Septemba na Oktoba wanavuna, kijiji kinapendeza lakini hakuna mwenye muda na wewe. Julai na Agosti joto lake sio la mchezo. Na Kihispania watakuelewa bila shida, ila ukisalimia kwa Kikatalani, ukianza na bon dia badala ya buenos días, utaona sura inavyobadilika.